Baba yake Aphrodite ni nani hasa?

SWALI: Mimi ni mwalimu wa fasihi. Nachora mti wa nasaba ya miungu ya Kigiriki niubandike ukutani darasani. Michoro miwili niliyoipata mtandaoni inagongana: mmoja unasema Aphrodite ni binti wa Zeus na Dione, mwingine unasema alitoka kwenye povu la bahari kabla hata Zeus hajazaliwa. Upi ni sahihi?

JIBU: Mwalimu, kila mchoro umemfuata mshairi wake. Binti wa Zeus na Dione ni Aphrodite wa Homer. Katika kitabu cha 5 cha Iliadi, utenzi wake wa vita vya Troya, shujaa wa Kigiriki Diomedes anamchoma mkuki mkononi, juu kidogo ya kiganja, naye anakimbilia Olympos na kuanguka magotoni pa mama yake Dione, anayempangusa damu kwa mikono yake. Aphrodite wa povu ni wa Hesiod, katika Theogonia, shairi la mnamo mwaka 700 KK. Humo Kronos, baba wa Zeus, anamhasi baba yake mwenyewe Ouranos kwa mundu na kuzitupa zile sehemu baharini, povu linazizunguka, na ndani ya povu anakua msichana anayepita karibu na kisiwa cha Kythera kisha kuibukia kisiwa cha Kupro. Kwa Homer ni binti wa Zeus. Kwa Hesiod ni shangazi yake. Hakuna mstari mmoja utakaobeba habari zote mbili.

Kinachonikera, na nakutana nacho karibu kila ninapoulizwa juu ya nasaba hizi, ni imani kwamba mahali fulani ipo nasaba moja rasmi na washairi wengine wote wameikosea. Wagiriki hawakuwa na msahafu wa miungu yao, wala baraza la kuamua nani kamzaa nani. Sasa wanatokea mafundi wa kuunganisha. Wanakwambia Zeus alimwokota Aphrodite baharini akamfanya mtoto wa kuasili. Hilo halimo kwa Homer, halimo kwa Hesiod. Limetungwa ili mchoro usiwe na doa. Wengine wanasema walikuwapo Aphrodite wawili. Hoja hii angalau ina asili: Mwanafalsafa Plato, katika karne ya 4 KK, anamtia mhusika wake Pausanias kinywani maneno hayo kwenye kitabu chake Simposio, katika hotuba ya karamuni juu ya aina mbili za mapenzi. Ni hoja ya msemaji anayetetea jambo lake. Ukiipeleka kwa Homer umempachika fikra ambayo hakuiandika.

Tena mgongano haungoji hata washairi wawili. Fungua Theogonia hiyo hiyo: mstari wa 217 Moirai, wale watatu wanaogawa majaliwa, ni watoto wa Usiku, aliyewazaa bila mume. Mstari wa 904 ni mabinti wa Zeus na Themis. Shairi moja, wazazi tofauti.

Kuna jambo ambalo Kiswahili kitakulazimisha uliamue. Persephone ni mtoto wa Zeus na Demeter, na mumewe Hades ni ndugu yao wote wawili, kwa hiyo upande wa mama Hades ni mjomba wake. Upande wa baba je? Theogonia inawataja watoto wa Kronos hivi: Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon, na Zeus kitinda mimba. Hapo Hades ni baba mkubwa. Lakini katika kitabu cha 15 cha Iliadi Zeus ndiye mkubwa, anafuata Poseidon, na wa tatu Hades. Hapo ni baba mdogo. Mwanafunzi atakayekuuliza "mkubwa au mdogo?" atakuwa ameuliza swali la maana kuliko michoro mingi ya mtandaoni.

Basi chora hivi. Ifanye Theogonia iwe shina: imepangwa kwa vizazi, na mistari yake, elfu moja na kidogo, unaimaliza kwa siku moja. Mistari yake yote iwe ya wino mweusi. Homer mpe rangi ya pili, na pale anapopingana na Hesiod chora mstari wa vipande badala ya kufuta ule wa kwanza. Kwa mashujaa utahitaji Bibliotheca, mkusanyo wa kale wa visasili vya Kigiriki unaohesabiwa kuwa wa Apollodorus. Hiyo ipe rangi ya tatu. Jina la Zeus liandike mara moja tu, katikati ya karatasi, kwa kuwa Theogonia peke yake inampa wake saba: Metis, Themis, Eurynome, Demeter, Mnemosyne, Leto na Hera. Ukimweka pembeni, mistari itakatana hadi isisomeke.

Mashujaa wapange kwa safu za upande wa mama. Herakles atakuonyesha sababu: Perseus alimzaa Elektryon, Elektryon akamzaa Alkmene, Alkmene akamzaa Herakles. Ni kitukuu wa Perseus, na papo hapo ni ndugu yake kwa baba, maana wote wawili ni wana wa Zeus. Ukipanga kwa baba, kitukuu atakaa safu moja na babu wa mama yake.

Usinakili mchoro wowote usiotaja chanzo kwenye kila mstari. Michoro hiyo ndiyo inayomfanya Hera kuwa mama wa Herakles kwa sababu ipo katuni iliyosema hivyo, ilhali Hera ndiye aliyemwandama tangu utotoni. Ndiyo inayomchanganya Kronos, anayeandikwa kwa herufi ya Kigiriki kapa, na neno khronos, yaani wakati, linaloandikwa kwa herufi nyingine, khi. Na ndiyo inayoandika kwamba Medusa alikuwa binti mzuri aliyegeuzwa zimwi kwa adhabu, bila kueleza kwamba hiyo ni simulizi ya Ovid, Mrumi aliyeandika kwa Kilatini zaidi ya miaka 600 baada ya Hesiod. Kwa wino mweusi Medusa anakaa chini ya Phorkys na Keto, kando ya dada zake Sthenno na Euryale, na ni yeye peke yake kati ya hao watatu anayeweza kufa. Habari ya kugeuzwa iandike kwa rangi ya nne, na jina la Ovid pembeni.