Ukienda Guangzhou kufuata mzigo, tenga asubuhi moja ya kula

Nilifika Guangzhou mara nne kabla sijauona mji. Cheka tu, ila muulize yeyote anayefuata mzigo kutoka Kariakoo, atakwambia hadithi ileile. Unashukia hoteli ya mtaa wa Xiaobei, asubuhi unakimbilia masoko ya mikoba ya Sanyuanli, mchana unabishana bei kwa kikokotoo, jioni uko ghalani kwa wakala mnapima maboksi, usiku unakula wali na kuku kwa Waafrika wenzako, unalala. Nyumbani wakiniuliza China ikoje nilikuwa najibu, "Maghorofa." Basi.

Safari ya tano, mwezi wa Oktoba, kiwanda kilinichelewesha siku tatu. Fedha nimeshalipa, mzigo haujakamilika, na kukaa hotelini nikihesabu dari kungenitia wazimu. Ndipo nikaamua kutembea kama mtalii. Nilianza vibaya, na hapo ndipo penye ushauri wangu wa kwanza.

Kijana mmoja aliniuzia safari ya basi ya siku nzima kwa bei ya kutupa. Tulikuwa watu arobaini na kitu, bendera mbele, kipaza sauti juu. Tukapelekwa duka la vito vya jade, lile jiwe la kijani, tukafungiwa humo karibu saa nzima. Tukatoka, tukaingizwa duka la majani ya chai. Kisha la hariri. Mnara wa Canton (jina la zamani la Guangzhou), ule wa mita 600 ambao kila mtu huuweka kwenye picha, niliuona kupitia kioo cha basi, dereva hata hakupunguza mwendo. Waliowahi kukutana na mapapasi, wale vijana wanaowinda watalii pale Forodhani Zanzibar, wanaujua mchezo huu: safari ni rahisi kwa sababu wewe ndiye bidhaa, na aliyekuleta anakatiwa chake dukani. Kwa hiyo kabla hujalipa, uliza swali moja tu: tutaingia maduka mangapi? Akianza kuzungukazunguka, ondoka.

Siku ya pili nilitafuta safari ya miguu, ya kikundi kidogo. Tulikuwa sita, saa nne kwa jumla, yuan 380 na chakula ndani yake. Ghali kuliko basi, kweli. Lakini mwongozaji, dada mmoja aliyezaliwa mtaa uleule tuliokuwa tunautembea, aliniandikia siku moja kabla akiniuliza nisichokula. Mtu asiyekuuliza hilo mapema, chakula chake usikiamini.

Kwetu Waislamu hapa ndipo penye kazi, na hata kwa asiye Mwislamu anayekwepa nguruwe. Kichina ukisema "rou", nyama, bila kuongeza neno, mtu anaelewa nguruwe. Kusema "nyama kidogo tu" hakukusaidii. Ya kukariri ni haya: "zhurou" ni nyama ya nguruwe, "zhuyou" ni mafuta yake, na "qingzhen" ni halali. Hayo mafuta ndiyo mtego. Vile vifuko vyeupe vya unga vyenye kamba wa baharini ndani, ambavyo kila mgeni anadhani ni salama, kwa kuwa ndani anaona kamba, kwa desturi huchanganywa na mafuta ya nguruwe ili vilainike. Keki ya figili ina vipande vya soseji. Vile vikombe vidogo vya unga vilivyojazwa mayai matamu, ganda lake mara nyingi lina mafuta hayohayo. Vile vya kamba nilikuwa nimeshavila safari ya pili, tena kwa furaha, nikimwambia mwenzangu kwamba kamba hawana neno. Mungu anisamehe. Mwandikie mwongozaji wako mapema, kisha mwombe akuandikie ujumbe kwa herufi za Kichina kwenye simu yako, "Sili nguruwe wala mafuta yake." Utautumia hata siku asipokuwapo. Kama unashika zaidi, unataka na vyombo visiwe vimegusana, mwambie akutafutie hoteli ya Wahui, yaani Waislamu wa Kichina, au tambi za Lanzhou zenye kibao cha qingzhen. Zipo, ila ujue utakula chakula cha kaskazini, si cha Guangzhou.

Tulikutana saa mbili asubuhi kwenye nyumba ya chai, wilaya ya Liwan. Nilidhani chai ni chai. Wenyeji huiita "yum cha", kunywa chai, lakini ni mlo wa saa nzima au mbili, na wazee wenye magazeti walikuwa wameshika meza tangu alfajiri. Kwanza wanakuletea birika la chai na bakuli kubwa. Usinywe! Chai ile ya mwanzo ni ya kusuuzia vikombe, vijiti na visahani vyako, unaimwaga kwenye bakuli. Ilinikumbusha maji ya kunawa yanavyopitishwa kwetu kabla ya mlo. Mtu akikumiminia, unagonga meza taratibu kwa vidole viwili vilivyokunjwa. Ndiyo asante. Wanasimulia kwamba mfalme Qianlong alikuwa akitembea kwa kujificha, akawamiminia chai watumishi wake. Kumsujudia mbele ya watu kungemfichua, basi wakasujudu kwa vidole. Iwe kweli au ngano, gonga, utaona nyuso zinavyofunguka. Na birika likiisha maji usipige kelele, weka mfuniko wake upande. Mhudumu akipita ataona, atajaza.

Nilichokula na kukipenda ni mikunjo ya unga wa mchele. Fikiria chapati ya maji nyembamba kama leso, imekunjwa, imemwagiwa sosi ya soya tamutamu. Ipo yenye nyama ya ng'ombe, ipo tupu, na ipo inayofunga ndani yake kitu kama andazi refu lililokaangwa kavu. Hiyo ya mwisho ndiyo nitarudi kuifuata. Miguu ya kuku nayo niliila. Najua Dar tunaikaanga na kuila na pilipili barabarani, lakini hawa wanaikaanga, wanailoweka, wanaipika kwa mvuke hadi mfupa unajitoa wenyewe. Nyama tamu, kazi nyingi.

Mwongozaji alitufundisha neno moja la Kikantoni, "m goi", la kushukuru na la kuomba kwa adabu. Wazungu wawili wa kikundi chetu walihangaika na ile "m" ya mwanzo hadi jasho. Mimi mara moja. Anayesema mgeni na mgomba tangu utotoni anashindwaje?

Kutoka hapo tulitembea barabara ya Enning. Maghorofa ya zamani huko yamesogezwa mbele juu ya njia ya miguu, unatembea chini yake kama barazani, jua wala mvua havikupati. Milango ya nyumba za wafanyabiashara wa kale ina fito za mbao zilizolazwa, zinasukumwa pembeni. Unaifunga, mwizi haingii, upepo unaingia. Kuna nyumba ya baba yake Bruce Lee, aliyekuwa mwigizaji wa opera ya Kikantoni. Bruce mwenyewe alizaliwa San Francisco mwaka 1940 akakulia Hong Kong, kwa hiyo usije ukawaambia watu umeona alipozaliwa. Sehemu ya mtaa imekarabatiwa mno kwa ajili ya picha, kahawa ghali kila kona. Nilipita haraka.

Nisichopita haraka ni maziwa. Kwenye duka dogo walituletea kibakuli cha maziwa ya nyati yaliyoganda laini. Wanayachemsha, wanayaacha yashike utando, wanayamimina yatoke chini ya utando bila kuupasua, wanachanganya na ute wa yai na sukari, wanayarudisha, wanayapika kwa mvuke hadi yashike utando wa pili. Jina lake ni hilohilo, maziwa ya ngozi mbili, asili yake Shunde, jirani ya Guangzhou. Ipo na aina inayogandishwa kwa maji ya tangawizi. Hapa hapana nguruwe wala wasiwasi. Halafu, kwa uchokozi, yule dada akatununulia chai ya mitishamba ya kuondoa joto mwilini. Wenzangu walitema. Mimi bibi yangu alininywesha mwarobaini, nikamaliza kikombe na kuomba maji tu.

Kisiwa cha Shamian ni kizuri kwa miti mikubwa na kivuli. Waingereza na Wafaransa walijitwalia kutokana na Vita vya Pili vya Kasumba, wakajenga benki na balozi zao ndogo. Dakika thelathini zinatosha, labda uwe umevaa gauni la harusi, maana kila hatua kuna maharusi wanapigwa picha.

Tukapanda metro kutoka Huangsha, vituo viwili tu hadi Yide Lu, na hapo ndipo safari yangu ilipobadilika. Nauli ya metro huanzia yuan 2, kwa hiyo usimruhusu mtu akutoze teksi kwa umbali kama huo. Barabara ya Yide ni ya jumla, vyakula vikavu vya baharini. Harufu inakupokea kabla ya duka. Mimi nimezaliwa Mwanza, nimekulia Kirumba, na pua yangu ilitambua kabla ya macho. Mifuko na mifuko ya mabondo! Mabondo, yaani vibofu vya hewa vya samaki, makavu, ya manjano, mengine makubwa kama sahani, yamepangwa kwenye vioo kama dhahabu. Pembeni majongoo bahari, meusi, yamenyauka, ya aina ambazo wenzetu wa pwani wanazijua vizuri. Nikamwomba mwongozaji amuulize mwenye duka yametoka wapi. Akaonyesha mfuko mmoja: "Feizhou." Afrika. Tena ziwani.

Utotoni kwetu bondo lilikuwa kitu cha kutupia paka. Baadaye wanunuzi wakaja, bei ikapanda, leo sangara huulizwa bondo kabla ya minofu. Wapi yanakokwenda sikuwahi kuwaza. Dada akanieleza kwamba yanapikwa supu, hasa kwa mama aliyejifungua, ili apate nguvu na ngozi yake irudi. Yaani supu ya mzazi. Nilisimama pale kama robo saa, kikundi kinanisubiri.

Hii ndiyo sababu nakwambia uchukue mtu anayeongea na wenye maduka, si anayeongea na kipaza sauti. Maandishi ya ukutani ungeweza kuyatafsiri mwenyewe kwa simu. Swali lako hakuna wa kukuulizia.

Hatua chache kutoka hapo kuna kanisa kuu la Moyo Mtakatifu, la mawe matupu, lililokamilika 1888. Sisi tulimalizia msikiti wa Huaisheng, barabara ya Guangta, mwendo wa dakika ishirini hivi. Mnara wake ni wa kipekee: mweupe, mviringo, laini, unainuka mita 36 hivi bila kidirisha cha kupamba, na zamani taa yake iliongoza vyombo vilivyokuwa vikipanda mto. Wenyeji wanasimulia kwamba msikiti ulijengwa na sahaba Sa'd ibn Abi Waqqas. Wanahistoria wanasita, lakini hawabishi kwamba Waarabu na Waajemi waliishi na kufanya biashara hapa zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Chukua mtandio, na usishangae mlinzi akiwauliza kama ni Waislamu kabla ya kuwaruhusu.

Kesho yake, mzigo bado, nilikwenda peke yangu jumba la makumbusho la mfalme wa Nanyue, dola ya kale ya kusini mwa China, kituo cha Yuexiu Park. Kaburi lake la miaka ya 120 hivi kabla ya Kristo lilifukuliwa mwaka 1983, na watu huenda kuona vazi lake la vipande vya jade. Mimi nilikaa mbele ya pembe za ndovu. Wataalamu wanasema ni za ndovu wa Afrika. Yaani na sisi wa maboksi tumekuta njia imeshakanyagwa.

Mambo madogo ya mwisho, yanayoumiza ukiyasahau. Unganisha kadi yako ya benki na Alipay au WeChat, programu za kulipia kwa simu, ungali nyumbani, maana muuza mikunjo hana chenji wala hamu ya kuitafuta. Pasipoti iwe mkononi. WhatsApp haifanyi kazi kwa laini ya China; laini yako ya nyumbani ikiwa na huduma ya nje itafanya, kwa gharama. Bakshishi hawana desturi nayo. Niliacha yuan kumi mezani, mhudumu akanikimbilia hadi mlangoni akidhani nimezisahau. Aprili kuna mvua na unyevu unaotoa jasho hadi kuta, Oktoba na Novemba hewa ni nzuri, ila maonyesho ya biashara ya Canton huangukia majira yote mawili na hoteli hupandisha bei. Na viatu, jamani. Vaa vya zamani, vile vipya vya sampuli viache kwenye boksi.

Pale Yide nilimpiga picha mwenye duka na mabondo yake, kwa ruhusa, pamoja na kibao cha bei. Jioni nikaituma kwa mama, Mwanza. Akakaa kimya muda mrefu, nikajua anapiga hesabu ya yuan kwa shilingi. Kisha ukaingia ujumbe wa sauti: "Muulize huyo mzee anataka kilo ngapi."