Jibu: Thames upo, mizigo ilienda wapi?

Salama ndugu. Umeuliza, na umekwama hapa: mto Thames una maji yale yale, iweje gati za London zife? Wachangiaji wa juu wanasema ni mchanga uliojaa mtoni. Mimi nimeishi Silvertown, mtaa wa gati mashariki mwa London, miaka kadhaa. Anza kuangalia kontena.

West India Docks, gati za kuchimbwa kando ya mto, ilifunguliwa 1802 kwa sababu meli zilisongamana mtoni na sukari na ramu zikiibwa mchana kweupe. Zikafuata nyingine, hadi King George V mwaka 1921. Mzigo ulishushwa gunia kwa gunia, makuli kwa maelfu, tishali (mashua bapa za mizigo) zikisambaza. Kontena lilipokuja miaka ya 1960, meli zikawa kubwa mno kwa malango ya kuingilia gati zile, na zilitaka uwanja mpana wa kupanga makontena. Kazi ikahamia Tilbury, karibu na bahari, na Felixstowe, bandari ya pwani ya mashariki. East India ilifungwa 1967, St Katharine 1968, Royal Docks (King George V ikiwa mojawapo) 1981. Migomo ilichangia, ila usiifanye chanzo.

Na usiandike kuwa mto "umekufa kabisa". Kiwanda cha sukari Silvertown bado kinapokea meli, na tagi (meli ndogo za kuvuta) huburuta matishali ya makontena ya taka kwenda Belvedere, kwenye kiwanda cha kuchoma taka. Ukisimama ukingoni utayaona.