Kabla ya kumhakiki mshairi wa kale, isome hati

Wahakiki wengi wa ushairi wetu wa kale huanzia katikati ya safari. Huchukua diwani iliyochapwa, wakachambua dhamira na taswira, wasiulize maneno yale yalifikaje kwenye karatasi. Mchukue Muyaka bin Haji wa Mombasa. Alifariki mwaka 1840 hivi. Mashairi yake mengi yalibaki vifuani mwa watu mpaka Mwalimu Sikujua bin Abdallah alipoyakusanya na kuyaandika kwa hati za Kiarabu, akishirikiana na W. E. Taylor, mmisionari Mwingereza. Karatasi za Taylor zikaishia London, na William Hichens akachapisha diwani huko Johannesburg mwaka 1940. Hiyo ni karne nzima, na kati yako na mshairi kuna mikono mitatu mbali na vinywa vya waliokariri. Ukitaka kuandika kwamba Muyaka alilichagua neno fulani makusudi, thibitisha kwanza kuwa aliyelichagua ni yeye.

Anza kwa kuorodhesha kila nakala ya utenzi au shairi unalolishughulikia. Mahali pa kwanza pa kutafuta ni maktaba ya SOAS, chuo cha masomo ya Asia na Afrika huko London, na ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kisha ziko nyumba za watu Lamu, Siyu, Pate, Mombasa na Unguja. Kila nakala ipe herufi, A, B, C, na uandike idadi ya beti, jina la mnakili kama limo, tarehe, kurasa zilizochanika na wino uliokolea au kufifia. Ukiruhusiwa kupiga picha nyumbani kwa mtu, piga papo hapo, hati isivuke kizingiti. Ilaze karibu na dirisha, usitumie mwanga wa kamera, weka rula kando ya ukurasa, na pembe zote nne zionekane pamoja na yaliyoandikwa pambizoni. Mwenye hati apewe picha zote kabla hujaondoka. Ahadi ya “nitakutumia” ndiyo iliyofunga milango mingi kwa watafiti waliokuja baadaye.

Angalia tarehe mbili zisichanganyike: ya kutungwa na ya kunakiliwa. Ya kutungwa huwa ndani ya beti za mwisho, ya kunakiliwa huwa chini, baada ya utenzi kwisha. Mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, kwa hiyo hakuna namba moja ya kuongeza ukapata mwaka wa Miladi. Mwaka 1275 wa Hijria, kwa mfano, ulianza Agosti 1858 ukaisha katikati ya 1859. Kama hati haitaji mwezi, andika miaka yote miwili.

Unukuzi ndio unaokula miezi. Ufanye mara mbili, wala usijaribu kuokoa muda hapa. Mara ya kwanza andika herufi kwa herufi kilichopo, hata kama hakina maana. Mara ya pili ndipo usome. Sababu ni kwamba hati za Kiarabu zina irabu tatu, na Kiswahili kina tano: alama ya kasra ni i au e, ya dhuma ni u au o. Katika uandishi wa zamani herufi be hubeba b, p, mb na hata mp. Dali hubeba d na nd, fe hubeba f na v, ghaini hubeba g, ng na gh. Hivyo “bali”, “mbali” na “pale” zinaweza kuandikwa kwa umbo lile lile. Anayesoma na kunukuu kwa pamoja huona neno analolitarajia, akaliandika, na baada ya hapo hakuna anayejua tena kwamba palikuwa na njia mbili. Jihadhari pia na alifu, wau na ye zinazowekwa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Wanakili wengi waliziweka kuonesha mkazo tu, si irabu mbili. Ukizihesabu, mizani yako yote itavurugika.

Na mizani ndiyo kinga yako. Kipande cha utenzi kina mizani 8. Ubeti una vipande vinne, vitatu vya kwanza vina kina kimoja, na cha nne hubeba kina kinachotoka mwanzo wa utenzi hadi mwisho. Kipande kikiwa na 7 au 9, shuku usomaji wako kwanza, mnakili wa pili, mshairi wa mwisho. Wengi hugeuza mpangilio huo! Kumbuka m na n huweza kuwa silabi peke yake: “mtu” ni mbili, “mbu” ni mbili, lakini “mbuzi” nayo ni mbili tu. Mizani ikipungua moja, jaribu kusoma “mw” kama “mu”, maana ndivyo ilivyotamkwa zamani. Maneno yenye asili ya Kiarabu nayo hunyumbulika, “dhikri” inaweza kuwa “dhi-ki-ri” pale wimbo unapohitaji.

Lakini mizani haitoshi. Tunga kipande cha mfano: “nimewaona kwa mato”. Ni mizani 8. Mhariri anayependa Kiswahili sanifu akiandika “macho”, bado ni 8, hesabu haimshtaki. Kinachomshtaki ni kina: vipande vingine vya ubeti vinaishia kwa “moto” na “mtoto”, na sasa kina kimekufa. Vivyo hivyo “moya” kuwa “moja”, “ndiya” kuwa “njia”. Kiamu, lahaja ya Lamu, si Kiswahili kilichokosewa, kwa hiyo usikisahihishe. Msomaji asiyejua “mato” mwekee maelezo chini ya ukurasa.

Ukishapata nakala mbili au zaidi, zilinganishe ubeti kwa ubeti kwenye jedwali. Chagua moja iwe msingi, na tofauti za nyingine ziende chini. Usiokote neno tamu hapa na jingine pale, maana utazaa utenzi ambao hakuna mtu aliyewahi kuuimba. Nakala kongwe si lazima iwe bora. Iliyoandikwa majuzi huenda ilitoka kwenye hati nzuri iliyopotea. Kinachoonesha undugu wa nakala ni makosa yanayofanana. Mbili zikiruka ubeti ule ule, karibu hakika zina mzazi mmoja, kwa hiyo zihesabu kama shahidi mmoja. Mpangilio wa beti ukitofautiana sana, huenda mojawapo iliandikwa kutoka kwenye kumbukumbu ya mtu. Hilo si kasoro, ni habari, na liandikwe.

Maneno magumu yapelekwe kwa wazee wa mahali utenzi ulikotoka, si kwenye kamusi peke yake. Usiulize neno tupu. Msomee ubeti mzima, na ikiwezekana kwa sauti yake ya kuimbwa, kwa sababu aliyekariri husahihisha kwa sikio kabla hajaeleza maana. Uliza watu wawili, kila mmoja kivyake. Wakipishana, weka maelezo yote mawili kwenye sherehe, yaani faharasa ya maneno magumu, useme wewe unaegemea lipi na kwa nini. Kazi hii ya faharasa ni ya kuchosha kweli, na ndiyo itakayosomwa miaka 50 baada ya nadharia yako kupitwa.

Beti kumi kwa siku, zilizonukuliwa mara mbili na kukaguliwa mizani na vina, ni mwendo mzuri. Ukijiona umefika 40, rudi ulipoanzia.

Uhakiki wenyewe uje baada ya hapo, na uwe mfupi kuliko unavyotamani. Kila hoja ibebe namba ya ubeti. Hoja inayosimama juu ya neno lenye usomaji wa njia mbili iseme hivyo waziwazi, na ijaribu kusimama kwa usomaji wa pili pia. Ikianguka, iondoe kwenye makala uibakize kwenye daftari, pamoja na picha ya mstari huo, mpaka nakala nyingine itakapojitokeza.