Ngumi tumeziona za kutosha

Wiki hii nimeonyeshwa michoro minne ya ukutani ya kupinga dhuluma, kazi ya vijana wapya. Yote minne ina ngumi iliyoinuliwa, mitatu ina mnyororo unaokatika. Jamani! Mkificha majina, sijui kachora nani wala mnagombana na nani. Ngoja niseme, maana mimi niliharibu kuliko ninyi.

1. Piga picha kabla hujashuka ngazi. Asubuhi utakuta mchoro umeshafutwa, ukuta mweupe.

2. Hesabu kwanza, ndipo ulalamike. Guerrilla Girls, kundi la wasanii wanawake wa Marekani, mwaka 1989 walitoa bango kuhusu jumba la makumbusho ya sanaa la Metropolitan, New York: kwenye vitengo vya sanaa ya kisasa wasanii wanawake hawakufika asilimia 5, lakini asilimia 85 ya picha za uchi zilikuwa za wanawake. Ngumi hakuna, kuna kinyago cha sokwe tu.

3. Mwenye msiba aulizwe. Nilimchora mama mmoja ambaye mwanawe alipigwa risasi kwenye maandamano. Nilimtoa kwenye picha ya gazeti, nikamkuza ghorofa mbili, nikamwongezea machozi manne mazito. Nilisifiwa mpaka nikavimba kichwa. Siku ya tano akaja mwenyewe, kikapu mkononi. Akaonyesha machozi kwa kidole. “Mwanangu, siku ile sikulia. Nilikuwa natafuta kiatu chake.” Kisha akauliza kama nitayafuta mimi au atafute mtu wa kuyafuta. Nilikuwa na maneno yangu yote ya semina, ile habari ya kuwa sauti ya wasio na sauti, na mwenye sauti amesimama mbele yangu anasubiri jibu.

Mwaka 2009 Ai Weiwei, msanii wa China, alipanga mabegi ya shule 9,000 kwenye ukuta wa mbele wa Haus der Kunst, jumba la maonyesho ya sanaa mjini Munich, Ujerumani, kwa ajili ya watoto waliofukiwa na madarasa katika tetemeko la Sichuan la 2008. Rangi za mabegi zilisomeka maneno ya mama mmoja kuhusu bintiye: aliishi duniani kwa furaha miaka saba. Mama ndiye aliyesema, msanii akapanga mabegi. Mimi nilijisemea mwenyewe.

4. Nunueni praima, ile rangi ya kwanza ya kuziba ya chini. Usiku ule nilirudi na rola na rangi ya maji, nikisahau kwamba machozi niliyapaka rangi ya mafuta. Mkono wa kwanza, yanaonekana. Wa pili, yanaonekana. Wa tatu kukakucha, chozi la kushoto bado linang'aa.