Re: Keki inatitia katikati na kitabu nimekifuata vilevile

Habari dada, pole na unga uliopotea. Nimekuelewa hivi: kitabu cha Marekani, vipimo umefuata, keki inaumuka vizuri halafu ukiitoa tu inatitia katikati. Mimi yalinikuta hayohayo, na kabla hujagusa kitu angalia kikombe unachopimia. Chao ni kama mililita 240, mimi nilikuwa napimia kikombe cha chai cha nyumbani, siku nimekijaribu kwa chupa ya maji ya nusu lita nikakuta hakifiki hata 200! Sasa unga na sukari vinapungua ila mayai na bekingi pauda viko palepale, ndo maana inapanda kwa fujo halafu inaanguka. Nunua mizani ndogo, kikombe chao cha unga ni gramu 120 hadi 125 hivi.

Halafu moto. Ile 350 ya kitabuni ni ya Farenhaiti, kwetu kwa Selsiasi ni kama 175 au 180. Wewe umesema unaweka 200, hapo juu panakauka ndani bado uji uji. Choma kijiti katikati, kikitoka na ute rudisha, na usifungue fungue mlango (najua, harufu inashawishi).

Unga wako nao soma pakiti, kama tayari una bekingi pauda usiongeze nyingine.

Sukari mi napunguza robo na inatoka vizuri, nusu nilijaribu ikawa kavu kama mkate wa juzi. Oveni yako ni ya gesi au umeme? Hujasema.