Kitunguu saumu hakipimi uyoga

SWALI: Shikamoo mtaalamu. Niko Muheza. Tangu masika yaanze, uwanjani kwetu kunaota uyoga mkubwa mweupe, kofia yake ina magamba ya kahawia. Mama mkwe anasema tuuchemshe na kitunguu saumu na sarafu. Visipobadilika rangi, tule. Kipimo hiki kinaaminika?

JIBU: Marahaba. Huo msiule. Kwa maelezo yako nashuku ni Chlorophyllum molybdites, uyoga unaopenda viwanja vya majani. Ukiwa mchanga, matamvua ya chini ya kofia ni meupe. Ukikomaa huelekea kijani. Ni nadra kumuua mtu mzima, ila ndani ya saa chache utamtapisha na kumharisha hadi aishiwe nguvu, na mtoto mdogo anaweza kukaukiwa maji vibaya. Kata kofia iliyofunguka, ilaze juu ya karatasi nyeupe, funika kwa bakuli mpaka asubuhi. Ukikuta vumbi la kijani, ndio wenyewe. Vumbi likiwa jeupe msishangilie: jamii ya Amanita, yenye uyoga unaoua, nayo hutoa vumbi jeupe.

Sasa hicho kitunguu. Kila msimu wa mvua naulizwa habari zake, na kila msimu najibu kwa hasira ileile. Sumu ya uyoga si kitu kimoja hata ipatikane dawa moja ya kuifichua. Ile mbaya kuliko zote, amatoksini iliyomo kwenye Amanita zinazoua, haigeuzi rangi ya kitunguu wala ya sarafu, na kuuchemsha uyoga hakuiondoi. Aliyewahi kutia kitunguu saumu kwenye achari anajua kwamba kinaweza kugeuka kijani chenyewe, bila uyoga wowote karibu. Madini ya fedha nayo huingia weusi ikikutana na salfa, na salfa imejaa humo humo kwenye kitunguu. Tena sarafu zetu za shilingi si za fedha hata kidogo! Mnapima nini?

Najua mtanijibu kwamba bibi alipima hivyo miaka yote na hakudhurika. Kweli, lakini bibi aliujua uyoga. Alikwenda kwenye kichuguu kilekile, akachimbua shina mpaka kwenye mzizi wake mrefu unaoshuka kwa mchwa, akatazama kichwa chenye ncha katikati, akauacha wowote uliomtia shaka. Kitunguu alikitia mwishoni, na sifa zote zikakiendea kitunguu. Wajukuu wakarithi kitunguu, macho ya bibi wakayaacha. Na hata macho hayo yana mpaka: misindano iliyopandwa milimani Lushoto ni miti ya kuletwa, na miti kama hiyo huja na uyoga wake mizizini, ambao wazee wetu hawakukua nao.

Kuna na wale wa “konokono kala, basi ni salama.” Konokono hula uyoga unaomuua binadamu, akaendelea na safari yake. Programu za simu zinazotaja jina kwa picha moja naziweka kapu hilohilo, maana picha ya juu haionyeshi kifuko kilichofukiwa chini ya shina, na kifuko hicho ni mojawapo ya alama kubwa za Amanita.

Wanaonichosha zaidi ni wauza tiba: maziwa, mkaa wa jikoni uliosagwa, mizizi ya kutapisha. Amatoksini hukaa kimya saa 6 hadi 12, pengine hata 24, ndipo tumbo linavuruga. Baadaye, kama siku ya pili, mgonjwa hupata nafuu, anaomba uji, na mganga anachukua hela yake na shukrani juu. Nafuu hiyo ingekuja hata asingepewa kitu. Wakati huo ini linaharibika, na kuanzia siku ya tatu macho yanaweza kuwa manjano. Nimeona familia zikimrudisha mgonjwa nyumbani kwa sababu ya nafuu hiyo.

Kwa hiyo mtu akila uyoga msioujua, msingoje aumwe. Mpelekeni hospitali ya wilaya au ya mkoa, Bombo, pamoja na wote waliokula sahani moja naye, hata wanaojisikia wazima. Chukueni mabaki ya uyoga, mabichi na yaliyopikwa, kwenye karatasi na si mfuko wa plastiki, kwani humo huoza haraka. Mwambieni daktari saa waliyokula na saa ya tapishi la kwanza.

Mama mkwe mpe salamu zangu. Akikijua kichuguu chenye uyoga mzuri, mfuateni akawaonyeshe namna anavyouchimbua.