Kabla hujatengeneza filamu kuhusu filamu zetu, okoa kanda

Kila kijana wa Mtwara anayenieleza kwamba anataka kusimulia habari za wale wapiga picha waliotutengenezea filamu za kwanza mtaani namwambia: mdogo wangu, kamera iache kwanza, tafuta deki, ile mashine ya kuchezea kanda za video.

Deki zinaisha. Funai ya Japani, kampuni ya mwisho kutengeneza deki za VHS, iliacha mwaka 2016. Zangu nimezipata kwa mafundi redio wa mjini, na nakushauri uwazoee, kwani wanajua nani ana nini darini kwake.

Kanda zenyewe zinaliwa na hewa ya pwani. Gundi inayoshika ule unga wa sumaku kwenye utepe hufyonza unyevu, na mvua zetu huanza Desemba hadi Aprili. Ukiona ukungu mweupe pembezoni mwa utepe, usiiingize kwenye deki: itachafua vichwa vyake na kuambukiza kanda itakayofuata. Itenge, mpelekee fundi anayejua kuisafisha. Nyingine zisimamishe wima kabatini, mbali na sakafu na spika.

Ukihamishia kwenye kompyuta, tunza faili kubwa kama lilivyotoka. Saa moja ya MiniDV, ile kanda ndogo ya kidijitali, ni kama GB 13, na najua diski ni ghali, lakini ile nakala ndogo ya kurusha kwenye simu haitoshi kutengenezea filamu. Weka nakala tatu, moja nje ya mji. Yangu iko kwa ndugu yangu Newala.

Sasa lile ninalolisisitiza kuliko yote. Wakalishe waliohusika mbele ya ile filamu, iendeshe, nawe rekodi mazungumzo yao. Kanda nyingi za hapa hazina hata orodha ya majina mwishoni. Mama mmoja aliyeigiza enzi hizo aliwataja wachezaji wote wa ngoma waliokuwa nyuma yake, na nyumba ya nani ilikuwa imeazimwa. Hayo huyapati kwa kumuuliza maswali uani. Yeye akiondoka, picha inabaki na watu wasiojulikana.

Jihadhari na jambo hili. Kanda zilikuwa ghali, zikarekodiwa juu ya nyingine, kwa hiyo baada ya filamu unaweza kukuta unyago wa familia fulani. Hifadhi, lakini usioneshe wala kupandisha YouTube. Waulize makungwi na wenye mtoto, wakikataa, wamekataa.

Ruhusa ya filamu yenyewe iandikwe. Tanzania tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, na mwenye kanda kabatini huenda siye mwenye kazi. Wape wahusika nakala kwenye flashi, na kanda asilia irudi kwa mwenyewe ikiwa nzima. Mwombe asiitupe, maana deki nzuri zaidi inaweza kusoma sehemu zilizoishinda yako.